Je, wajua kwa nini mjini huwezi kukaa tu?

Saa mbili na nusu asubuhi, katikati ya Dar es Salaam, karani wa ofisi moja aliniambia ninayemtafuta yupo kikaoni. "Rudi saa nane, mzee." Kutoka pale hadi kwangu Chanika ni daladala mbili na foleni ya Gongo la Mboto. Nikienda, nitafika, nitakunywa maji, nitageuza. Basi nikabaki na saa tano na nusu za kupoteza, simu yenye chaji asilimia 18, na shilingi elfu nne mfukoni, nauli ikiwa humohumo.

Niliingia kwenye jengo moja la maduka, lenye ubaridi mzuri na maua ya plastiki, nikakaa kwenye ukingo wa ngazi. Hazikupita dakika kumi akaja mlinzi, kijana mpole tu.

"Shikamoo mzee. Kuna mtu unamsubiri?"

"Marahaba. Hapana."

"Kuna duka unatafuta?"

"Hapana, nimekaa tu."

Akababaika kuliko mimi. Lile jibu halikuwamo katika majibu aliyofundishwa. "Basi hapa haturuhusu kukaa, mzee wangu. Samahani sana."

Kituo cha mwendokasi kina kivuli, ila kivuli hicho kiko ndani ya geti la tiketi. Mgahawani viti vipo, na soda ndiyo kodi ya kiti. Chupa ikishakauka, mhudumu anakuja kufuta meza ambayo tayari ni safi. Msikitini nilipumzika vizuri baada ya adhuhuri, chini ya karatasi iliyobandikwa ukutani: NI MARUFUKU KULALA MSIKITINI. Anayebandika karatasi ya namna hiyo ameshawakuta wengi wamelala, na sidhani kama wote walikosa usingizi nyumbani. Walikosa pa kwenda mchana.

Inakuwaje mji wa mamilioni ya watu ukose pahala ambapo mtu anaweza kukaa bila kuulizwa amefuata nini?

Tuanze na nyumba, maana zamani nyumba ndiyo iliyotoa kiti. Ukipita vichochoro vya Mji Mkongwe wa Zanzibar utaona mabenchi ya mawe na chokaa yaliyoshikamana na ukuta wa mbele wa nyumba, kimo cha goti, yametokeza njiani. Hizo ndizo baraza. Lamu mlango wa nyumba kongwe unatanguliwa na daka, kijukwaa chenye viti vya mawe huku na huku. Mwenye nyumba aliweza kumpokea mgeni pale bila kumwingiza ndani walipo wanawake, na asipokuwepo, baraza ilibaki. Mpita njia akichoka anakaa. Hapigi hodi, kwa sababu yuko nje. Wala hafukuzwi, kwa sababu kiti kilijengwa kikaliwe. Masika Mji Mkongwe ukijaa maji, watu hutembea juu ya baraza hizohizo kama njia ya miguu. Ni mali ya mtu binafsi inayotumika kama ya umma, na hakuna aliyewahi kuandikiana mkataba.

Neno lenyewe limepanda cheo hadi tumesahau lilikotoka. Watu walikaa barazani wakazungumza mambo ya mtaa, mazungumzo yakaitwa baraza, kisha mkutano wa chifu, kisha vyombo vya dola: Baraza la Mawaziri, Baraza la Wawakilishi, na hata Baraza la Kiswahili linalotusahihisha tunapokosea. Vyote hivyo vimebeba jina la sakafu ya mawe ya kukalia. Mdogo wake naye, kijiwe, ni jiwe tu, lile ambalo vijana wasio na nyumba yenye baraza walilikalia penye kona.

Mwaka 1989 mwanasosholojia wa Marekani, Ray Oldenburg, alipaita pahala pa aina hii "mahali pa tatu". Pa kwanza ni nyumbani, pa pili ni kazini, na pa tatu ni pale unapokwenda kwa hiari yako ukakuta watu. Alikuwa akilalamika kwamba vitongoji vya Marekani vimejengwa kwa ajili ya magari, na mtu akitoka nyumbani hana pa kufikia ila kazini au dukani. Mtu wa Pangani angemshangaa kwamba jambo hilo linahitaji kutafutiwa jina.

Dar es Salaam nayo ilikuwa na kiti chake. Nyumba ya Kiswahili ya Kariakoo au Ilala ilikuwa na ukumbi katikati, vyumba vitatu huku na vitatu kule, uwani nyuma, na baraza mbele, ya saruji, chini ya paa lililotokeza. Tembea Kariakoo leo uitafute. Kiwanja kilichokuwa na nyumba hiyo kimepanda ghorofa nane, na pale palipokuwa na baraza pana fremu za maduka. Futi chache ambazo babu alikalia akicheza bao zinalipiwa kodi ya mwaka mzima mbele. Simlaumu mjukuu aliyeuza; nami ningeuza. Huko pembeni tulikohamia, Chanika, Goba, Kibaha, kila mtu kajizungushia ukuta. Juu chupa zilizovunjwa, mbele geti, na getini tangazo la mbwa mkali hata pale ambapo mbwa hayupo.

Lakini nyumba haielezi mlinzi. Mlinzi hakusema nimejaza nafasi, wala nimezuia njia. Alichotaka ni maelezo. Na ili kujua kudai maelezo huko kulianzia wapi, inabidi tusafiri hadi Uingereza.

Vita vya Napoleon viliisha mwaka 1815. Wanajeshi wengi walirudi kwao Uingereza hawana kazi wala makazi, wakawa wanatembea mabarabarani na kulala kwenye mabanda na kando ya kuta. Mwaka 1824 Bunge likatunga sheria ya uzururaji. Miongoni mwa makosa yake ni kukutwa umelala nje au kwenye banda la mtu, ukashindwa kujieleza vizuri. Tazama kosa lilipo. Hujaiba, hujapiga mtu. Umekutwa mahali, na maelezo yako hayajamridhisha aliyekukuta.

Sheria hiyo ilipanda meli pamoja na wakoloni. Kenya, Wazungu walitaka Mwafrika awe shambani kwao au kijijini kwake, na akiwa mjini awe na mwajiri. Sheria ya kipande ilitungwa mwaka 1915 na kuanza kutumika baada ya Vita vya Kwanza vya Dunia. Mwanaume alitembea na karatasi zake ndani ya kikopo cha bati shingoni, zikisema anamfanyia kazi nani. Kikopo kile kilikuwa maelezo yake, yamefungwa tayari asijisumbue kuzungumza. Dar es Salaam watu wasio na kazi inayojulikana waliitwa wahuni, wakakamatwa na kurudishwa makwao. Mhuni, kwa maana yake ya zamani, ni mtu ambaye hajaoa, asiye na mji wake. Leo ukilisema neno hilo kila mtu anashika mfuko wake.

Hata uwanja wa Mnazi Mmoja, ambao wengi tunaukumbuka kwa mikutano ya TANU, ulianza kwa nia nyingine. Baada ya Vita vya Kwanza Waingereza waliuacha wazi ili uitenge Kariakoo ya Waafrika na Uhindini. Ulikuwa wazi ili watu wasikutane, nao wakakutania hapohapo.

Ungetegemea Uhuru ufute haya. Kifungu cha 176 na cha 177 cha Kanuni ya Adhabu ya Tanzania vilirithi watu "wazembe" na "wazururaji" karibu kama Waingereza walivyowaacha, pamoja na yule mtu asiyeweza kujieleza vizuri. Mwaka 1983, uchumi ukiwa taabani, ikaja Sheria ya Nguvu Kazi. Waliokuwa watu wazima wakati ule wanaikumbuka: ukisimamishwa barabarani huna kitambulisho cha kazi, unapakiwa kupelekwa kijijini au shambani. Wengi walirudi mjini kabla vumbi la gari halijatua.

Wenye kutetea sheria hizi husema hata wazee wetu hawakupenda uzembe: mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe. Kweli kabisa. Lakini methali hiyo imempa mgeni siku mbili nzima za kukaa bila kuulizwa neno, kwa chakula juu. Mimi nilipewa dakika kumi.

Mabadiliko yapo, ya polepole. Malawi mwaka 2013 mchuuzi wa mifuko ya plastiki alikamatwa alfajiri akielekea kwenye biashara yake, akashtakiwa kwa uzururaji. Alikwenda Mahakama Kuu, na Januari 2017 kifungu hicho kikatamkwa kuwa kinyume cha katiba. Desemba 2020 Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu, ambayo inakaa hapa kwetu Arusha, ilitoa maoni kwamba sheria za uzururaji zinavunja Mkataba wa Afrika wa haki hizo na kwamba nchi zinapaswa kuzirekebisha au kuzifuta. Ni maoni ya ushauri, hayamfungi mtu mkono. Uganda Mahakama ya Katiba ilifuta vifungu vyake vya namna hiyo mwaka 2022. Na Waingereza wenyewe walipitisha mwaka huohuo wa 2022 sheria ya kuifuta ile yao ya 1824, kisha wakachelewa kuianzisha.

Siku hizi mwenye eneo hahitaji hata polisi. Kazi hiyo hufanywa na benchi. Mwaka 2012 eneo la Camden, London, liliwekewa mabenchi ya zege yenye sehemu ya kukalia iliyo mteremko, yaliyochongwa kwa makusudi ili mtu aweze kukaa kidogo ila asiweze kulala wala kukaa kitako kwa raha. Huku kwetu teknolojia ni nyepesi zaidi: vyuma vyenye ncha juu ya ukuta mfupi, vyungu vya maua kila baada ya hatua mbili, au kutoweka benchi kabisa.

Bustani nazo zina wawindaji wake. Mwaka 1989 serikali ya Kenya ilitaka kujenga ghorofa 60 ndani ya Uhuru Park, Nairobi. Wangari Maathai akapinga, akiandika barua kwa kila aliyeweza kusoma. Alitukanwa bungeni, akafukuzwa ofisini, na mwishowe wafadhili wakajitoa. Watu hukumbuka kisa hicho kama vita vya miti. Mimi naona kilikuwa pia vita vya kitako: mtu wa Kibera au Kawangware apate pa kukaa na wanawe Jumapili bila kununua kitu.

Nisiisifie mno baraza, maana ilikuwa ya wanaume. Wanawake walikuwa na uwani, shughuli za arusi, kusukana, na kwa Lamu hata wikio, vile vyumba vinavyovuka juu ya kichochoro kuunganisha nyumba na nyumba, jirani akaenda kwa jirani bila kushuka njiani. Mke wangu alipoisikia habari yangu ya siku ile alicheka tu. Mwanamke akikaa peke yake mjini saa tano, aliniambia, mlinzi ndiye wa mwisho kumuuliza anachotafuta. Wameshapita wengine watano. Yeye kimbilio lake ni saluni, na saluni nako unalipa.

Baraza nyingine zilinusurika kwa kujipa kazi. Zanzibar, Jaws Corner ilijulikana kama baraza ya wapinzani, na Kisonge kule Michenzani ni maskani ya CCM. Kila moja ina ubao wake wa kuandikia habari na kejeli. Nyingine zimehamia kwenye simu. Nina kundi la WhatsApp linaitwa Barazani, lina watu 140, na sijawahi kuona hata mmoja amesogea kumpisha mwenzake.

Saa saba na nusu nilimkuta muuza kahawa nyuma ya Posta, chini ya mwarobaini. Alikuwa na birika, beseni la vikombe, kashata kwenye ndoo, na ubao mmoja mrefu juu ya matofali mawili. Wanaume sita wamekaa, hakuna aliyeniuliza kitu. Wa mwisho alijisogeza, wa kabla yake akajisogeza, na ubao ukapinda kidogo nilipokaa. Kikombe ni shilingi mia mbili, lakini wawili kati yao vikombe vyao vilishakauka zamani na hapakuwa na meza ya kufuta. Walikuwa wakibishana kuhusu Simba na refa.

Nilimsifia ubao wake. Akasema ni wa nne tangu Ramadhani. Zile tatu za kwanza zilichukuliwa na gari la mgambo.

"Matofali wanayaacha," alisema, akinijazia. "Mazito."