Je, wajua? Kimbunga hakiinyonyi bahari, huisukuma

Tarehe 28 Septemba 2022, bahari iliukimbia mji wa Tampa, Marekani. Maji ya ghuba yalirudi nyuma hadi matope na mchanga wa chini vikabaki wazi, na watu wakateremka kutembea mahali ambapo siku zote hupita mashua. Siku hiyo hiyo, kwenye pwani hiyo hiyo ya magharibi ya jimbo la Florida, mwendo usiofika kilomita 200 kuelekea kusini, bahari ilipanda nchi kavu ya mji wa Fort Myers Beach. Maji yalifika kati ya mita 3 na mita 4.5 juu ya ardhi na kuzoa nyumba. Kimbunga kilikuwa kimoja tu, jina lake Ian.

Ghuba moja ilikauka, pwani ya jirani ikazama. Ukiamini nilichokuwa nikikiamini mimi kwa miaka mingi, jambo hili haliwezekani.

Niliamini kwamba kimbunga huinyonya bahari. Nilishawahi kumweleza hivyo mtoto wa dada yangu, kwa kujiamini kabisa: katikati ya kimbunga hewa ni hafifu, kwa hiyo bahari hupanda, kama maji ya dafu yanavyopanda kwenye mrija mtu akifyonza. Maelezo haya yana utamu wake, na ndiyo maana yanasambaa. Tena ndani yake mna punje ya ukweli, na ni hiyo punje inayoyafanya yawe magumu kung'oa.

Ukweli wenyewe ni huu. Hewa ina uzito, na uzito huo huikandamiza bahari saa zote bila sisi kuhisi. Katikati ya kimbunga mgandamizo hupungua, na bahari iliyopunguziwa mzigo huinuka kidogo. Hesabu yake ni rahisi: kila hektopaskali 1 (kipimo cha mgandamizo wa hewa) inayopungua huinua maji kwa takriban sentimita 1. Siku ya kawaida mgandamizo wa hewa usawa wa bahari ni kama hektopaskali 1,013. Ian alipotua Florida, katikati yake ulikuwa umeshuka hadi 941 hivi. Tofauti ni 72, yaani sentimita 72. Hayo ni maji ya mapajani. Si kitu cha kupuuza, lakini hayawezi kung'oa nyumba kwenye msingi.

Chukua mfano mkubwa zaidi. Kimbunga Katrina kilipopiga pwani ya Mississippi mwezi Agosti 2005, mgandamizo wake ulikuwa hektopaskali 928 hivi. Kwa hesabu ya mrija, bahari ilipaswa kupanda sentimita 85. Alama zilizoachwa na maji kwenye mji wa Pass Christian zilionyesha karibu mita 8.5. (Alama za ukutani ndizo hutegemewa, kwa sababu katika vimbunga vya namna hii vifaa vya kupimia maji mara nyingi huzolewa pamoja na gati vilikofungwa.) Kunyonywa kunaeleza karibu mita moja tu. Mita saba na nusu zilizobaki zilitoka wapi?

Na Tampa inaumaliza kabisa mrija. Mgandamizo wa hewa ulishuka hata huko, kwa kiasi kidogo. Kama kunyonywa ndiko kunakotawala, ghuba ingepanda japo kiganja. Ilikauka.

Jibu ni upepo. Wazee wetu humimina chai kwenye kisahani ili ipoe, kisha huipuliza. Ukitazama vizuri utaona chai inakimbilia ukingo wa mbali na kujikusanya pale, na ukizidisha pumzi, inamwagika. Sasa chukua ndoo iliyojaa maji, uipulize kwa pumzi ile ile. Utaona viwimbi juu, lakini ukingo wa pili maji hayapandi kwa kiasi cha kuonekana. Pumzi ni ile ile na maji ni maji. Tofauti ni kina.

Upepo husugua uso wa maji na kuyavuta upande unaokwenda. Kwenye ndoo, maji yaliyofikishwa ukingo wa pili huteremka na kurudi chini kwa chini hadi yalikotoka. Kwenye kisahani hakuna hiyo chini kwa chini. Fikiria daladala lenye milango miwili, konda anapakia abiria kwa mlango wa mbele. Mlango wa nyuma ukiwa wazi, wanaoingia na wanaotoka wanalingana na gari halijazi. Ukifungwa, kila anayeingia humsonga aliyetangulia. Kina cha bahari ndicho mlango wa nyuma. Baharini penye maji marefu, kimbunga husukuma usiku kucha na maji huona njia ya kurudi. Pwani yenye maji mafupi, mkondo wa kurudi hukwama kwa msuguano wa sakafu ya bahari, na maji huzidi kurundikana mpaka uzito wa rundo uweze kushindana na msukumo wa upepo.

Rundo hilo si ukuta. Ni mteremko mrefu ambao jicho haliuoni. Tuseme bahari imeinama kwa sentimita 3 tu kwa kila kilomita, kitu ambacho nahodha hawezi kukigundua. Mteremko huo ukienda kilomita 150 kuelekea pwani, ufukweni umepata mita 4.5. Magharibi ya Florida kuna bahari ya maji mafupi inayoenea zaidi ya kilomita 200 kutoka nchi kavu. Ni kisahani kikubwa kweli kweli. Na kasi ya upepo ikiongezeka mara mbili, msukumo juu ya maji huongezeka takriban mara nne.

Kilichobaki ni upande. Kaskazini mwa ikweta vimbunga huzunguka kinyume cha mishale ya saa. Ian alikuja kutoka kusini-magharibi na kutua kusini mwa Tampa. Kwa hiyo Tampa, iliyokuwa kaskazini mwa kitovu, ilipigwa na upepo unaotoka bara kwenda baharini, na maji yakafukuzwa. Fort Myers Beach ilikuwa kusini mwa kitovu, ikapokea upepo unaotoka baharini. Watu wa Tampa walikuwa wamekwisha kuona jambo hili mwaka 2017, wakati wa kimbunga Irma. Safari hiyo, katika ghuba jirani ya Sarasota, wanyama wakubwa wa jamii ya nguva walikwama juu ya matope na wakazi wakawaburuta kwa maturubai hadi penye maji. Ni picha ya ajabu, na ya hatari pia, maana upepo ukigeuka, maji hurudi.

Kosa la mrija lina ndugu yake ambaye ameua watu wengi. Ni imani kwamba daraja la kimbunga, lile la 1 hadi 5, hukuambia maji yatafika wapi. Daraja hilo hupima kasi ya upepo tu. Mwaka 1969 kimbunga Camille kilipiga Mississippi kikiwa daraja la 5, na kuna nyumba ambazo maji hayakuzifikia. Miaka 36 baadaye Katrina alitua akiwa daraja la 3, na baadhi ya waliosalimika 1969 wakaamua kubaki majumbani: kama Camille hakutufikia, huyu atatufikiaje? Lakini Katrina alikuwa mpana kuliko Camille kwa mbali, upepo wake ukisukuma eneo kubwa zaidi la bahari kwa saa nyingi zaidi. Nyumba zilizokaa kavu mara ya kwanza zilizama mara ya pili. Nimeshindwa kuwalaumu watu hao. Walipima kwa kipimo kikubwa walichokijua.

Maneno nayo yana mchango wake. Mwezi Novemba 2013 kimbunga Haiyan kilipokaribia Ufilipino, tahadhari ya maji ilitolewa kwa jina la kitaalamu la Kiingereza, "storm surge". Baada ya mji wa Tacloban kusombwa, na watu zaidi ya 6,000 kufa nchini, manusura wengi walisema hawakulielewa jina lile; wangeambiwa ni kitu kama tsunami, wangekimbia. Sisi nasi tuna kasoro hiyo hiyo. Matangazo yetu husema "mawimbi makubwa", na anayesikia hufikiria wimbi linalokuja na kuondoka. Hili haliondoki kwa sekunde kumi. Ni bahari yote inapanda na kukaa juu kwa saa kadhaa, na mawimbi yanapanda juu yake.

Mvuvi wa Kilwa au Bagamoyo ataelewa haraka zaidi ukimwambia hivi: ni bamvua isiyosubiri mwezi. (Bamvua ni siku za mwezi mpya na mwezi mpevu, bahari inapojaa na kupwa kupita kawaida.) Na hapo tutakuwa tumegusa jambo linaloihusu pwani yetu kuliko Florida. Pwani ya magharibi ya Florida maji kujaa na kupwa hutofautiana kwa chini ya mita moja au karibu na hapo. Tanzania, wakati wa bamvua, tofauti huzidi mita 3. Upepo ukirundika mita 2 za maji wakati bahari imekupwa, huenda hata mstari wa kawaida wa maji kujaa usifikiwe. Mita 2 hizo hizo zikikutana na kilele cha bamvua, zote ni nyongeza juu ya maji ambayo tayari yako mlangoni. Kwetu saa ya kutua ni habari nzito sawa na kasi ya upepo.

Kusini mwa ikweta mzunguko unageuka, vimbunga hufuata mishale ya saa. Kwa pwani inayotazama mashariki kama yetu, upande unaosukumiwa bahari ni wa kusini mwa kitovu. Kimbunga Kenneth kilipotua Cabo Delgado, kaskazini mwa Msumbiji, tarehe 25 Aprili 2019, Mtwara ilikuwa kaskazini mwa kitovu, yaani upande wa upepo wa kutoka bara. Hidaya alipofika Mafia tarehe 4 Mei 2024, upande wa kutazamwa ulikuwa Kilwa na Lindi, si Dar es Salaam. Alikuwa amedhoofika, na madhara makubwa yakawa ya mvua, barabara ya Dar es Salaam hadi Lindi ikakatika. Kanuni hii si msumeno: umbo la ghuba, visiwa na pembe ambayo kimbunga kinaingilia huweza kuivuruga. Mahali penye mwamba unaotumbukia ghafla kwenye kilindi, rundo huwa dogo, ingawa mawimbi hupiga kwa nguvu zaidi. Beira ya Msumbiji haina bahati hiyo. Mbele yake kuna bahari pana ya maji mafupi, na Idai alitua hapo usiku wa kuamkia 15 Machi 2019.

Mikoko husaidia, ila kwa kiasi ambacho mara nyingi hutiwa chumvi. Vipimo vilivyofanyika sehemu mbalimbali vinatoa punguzo la kati ya sentimita chache na karibu nusu mita kwa kila kilomita ya msitu. Msitu mpana kama wa delta ya Rufiji ni ngao ya kweli. Safu mbili za mikoko nyuma ya hoteli huvunja mawimbi, lakini bahari iliyopanda hupita katikati ya mizizi.

Kisahani kibaya kuliko vyote kiko kwenye kilele cha Ghuba ya Bengal. Novemba 1970, kwenye nchi ambayo leo ni Bangladesh, bahari iliua watu wasiopungua 300,000 kwa kimbunga kimoja. Mwaka 2007 kimbunga Sidr, chenye nguvu nyingi, kiliua zaidi ya 3,000 huko huko. Bahari haijaongezeka kina. Kilichoongezeka ni watu wa kujitolea wanaopita vijijini na vipaza sauti, na majengo ya zege yaliyosimama juu ya nguzo. Mengi kati ya hayo, siku za kawaida, ni shule za msingi. Watoto husomea ghorofani, na chini huachwa bila kuta, ili bahari ikija ipite.