Mtayarishaji na mwongozaji wa televisheni: kazi mbili alizozifanya Barry Letts

Mtayarishaji wa kipindi cha televisheni ndiye anayewajibika kwa kipindi kizima, tangu kinapokuwa wazo tu hadi kinaporushwa hewani. Fedha ni zake kuzisimamia, mswada ni wake kuukubali au kuukataa, watu ni wake kuwaajiri, na lawama zikija zinaanzia kwake. Mwongozaji ndiye anayeugeuza mswada kuwa picha. Anaamua mwigizaji asimame wapi, kamera itazame nini, na tukio liende kwa kasi gani.

Kwetu maneno haya yameingiliana. Ukitaja "prodyuza" mjini Dar es Salaam, wengi watamfikiria fundi wa studio ya muziki anayetengeneza biti. Katika filamu zetu nyingi, mtu mmoja hutoa fedha, huandika hadithi, huongoza na kuigiza, kwa hiyo majina yote humwangukia yeye. Lakini katika BBC ya miaka ya 1960 na 1970 kazi hizi zilikuwa na mpaka, na nadhani mpaka huo unaonekana vizuri zaidi ukimfuata mtu aliyeuvuka mara nyingi. Mimi namchagua Barry Letts.

Letts alizaliwa Leicester mwaka 1925, akatumikia jeshi la wanamaji la Uingereza wakati wa Vita Kuu ya Pili ya Dunia, na alianza kama mwigizaji. Katika filamu ya Scott of the Antarctic ya mwaka 1948 aliigiza Apsley Cherry-Garrard, kijana wa msafara wa Kapteni Scott wa kwenda Ncha ya Kusini. Miaka ya 1960 alipata mafunzo ya uongozaji ndani ya BBC, akaanza kuongoza tamthilia za mfululizo, ikiwemo Z Cars, ile ya polisi wa kaskazini mwa Uingereza.

Kuongoza tamthilia ya studio wakati ule ilikuwa kazi ya kupanga mapema mno. Mazoezi yalifanyika nje ya studio, kwenye ukumbi mtupu uliobandikwa utepe sakafuni kuonyesha ukuta uko wapi na mlango uko wapi. Siku ya kurekodi, kamera kadhaa zilifanya kazi kwa pamoja, na mwongozaji hakukaa na waigizaji. Alikuwa kwenye chumba cha udhibiti, mbele ya safu ya runinga ndogo, kila moja ikionyesha kile kinachoonwa na kamera mojawapo. Kila picha ilikuwa na namba yake kwenye karatasi. Msaidizi wake alizisoma namba kwa sauti, mwingine alibonyeza vitufe vya kubadili picha kutoka kamera hii hadi ile, na chini ukumbini msimamizi aliyevaa visikizi aliwafikishia waigizaji maelekezo. Saa nne usiku kazi ilipaswa kukoma, kwa sababu kuzidisha muda kulimaanisha malipo ya ziada kwa mafundi wote. Tukio ambalo halijarekodiwa kufikia saa hiyo lilikuwa tatizo, na hapo ndipo mwongozaji alipomgeukia mtayarishaji. Ni mtayarishaji pekee aliyeweza kusema ongezeni dakika kumi, au liacheni.

Mwishoni mwa 1967 Letts aliongoza hadithi yake ya kwanza ya Doctor Who, tamthilia ya BBC ya msafiri anayevuka nyakati na sayari. Hadithi iliitwa The Enemy of the World, na ndani yake Patrick Troughton aliigiza watu wawili: Doctor mwenyewe, na dikteta anayefanana naye kama pacha. Hilo ni tatizo la mwongozaji hasa. Mwigizaji ni mmoja, sura ni mbili, nguo ni mbili, na ratiba haingoji.

Mwaka 1969 alipewa kazi ya kuitayarisha Doctor Who yenyewe. Alikubali kwa sharti moja, kwamba aruhusiwe kuongoza pia mara mojamoja. Sharti hilo linaeleza dhana nzima. Kama kuwa mtayarishaji kungekuwa tu daraja la juu la uongozaji, asingekuwa na haja ya kuomba. Aliomba kwa sababu alijua anaingia kwenye kazi nyingine kabisa, kazi ya mezani na ya vikao, na hakutaka kuiaga ile ya chumba cha udhibiti.

Kazi ya mezani aliifanya vizuri sana. Akiwa na mhariri wake wa miswada, Terrance Dicks, alibadili ratiba. Badala ya kurekodi sehemu moja kila wiki, walirekodi sehemu mbili kila baada ya wiki mbili. Kwa mtazamaji ni hesabu ileile, lakini kwa watu wa seti ni faraja kubwa, kwa kuwa chumba kilichojengwa mara moja kinatumika kwa sehemu zote mbili bila kubomolewa na kujengwa upya. Hakuna mtazamaji aliyekaa nyumbani akausifu uamuzi huo. Sehemu kubwa ya kazi ya mtayarishaji iko hivyo, haionekani kwenye kioo.

Mfano ninaoupenda zaidi ni The Green Death ya 1973. Letts alikuwa amesoma makala za jarida la The Ecologist kuhusu uchafuzi wa mazingira, zikamkosesha raha. Akiwa mtayarishaji alikuwa na uwezo wa kuamua kwamba jambo hilo litafika kwa watoto wa Uingereza jioni ya Jumamosi. Aliiunda hadithi pamoja na mwandishi Robert Sloman, bila jina lake kutajwa kama mwandishi: kijiji cha wachimba makaa huko Wales, kiwanda kinachomwaga taka zake chini ya ardhi, na mabuu makubwa yanayotoka mgodini. Kisha akamkabidhi Michael Briant aiongoze. Yaani wazo lililomuumiza yeye mwenyewe, picha zake alimwachia mwenzake. Watu waliokuwa watoto wakati ule bado wanaikumbuka kama "ile ya mabuu".

Mwaka 1970 mambo yalikwenda kinyume. Mwongozaji Douglas Camfield aliugua katikati ya hadithi iitwayo Inferno, na Letts akashuka kutoka ofisini akaimalizia kwa kufuata mipango ya Camfield. Jina lililobaki kwenye skrini ni la Camfield. Si kila mtayarishaji angeweza kufanya hivyo. Verity Lambert, mtayarishaji wa kwanza wa Doctor Who mwaka 1963 akiwa na miaka 27 tu, alikuwa mtayarishaji mkubwa, lakini kuongoza hakukuwa kazi yake. Hadithi ya kwanza iliongozwa na Waris Hussein, kijana mzaliwa wa Lucknow, India.

Je, ni heri basi mtu mmoja ashike kazi zote mbili? Sidhani. Letts alipenda mno ufundi mpya wa wakati huo wa kurekodi mwigizaji mbele ya kitambaa cha rangi moja, kisha kuiondoa rangi hiyo na kuweka picha nyingine nyuma yake. Katika Terror of the Autons ya 1971, aliyoitayarisha na kuiongoza mwenyewe, aliutumia hata pale ambapo seti ya kawaida ya jikoni ingetosha, na leo kingo za waigizaji zinaonekana zikimeta. Naamini mwongozaji mwingine angesikia sauti ya mtayarishaji ikisema hapana. Letts mwongozaji hakuwa na wa kumwambia hivyo, isipokuwa Letts mtayarishaji, naye alikuwa amekwisha kubali.

Mwaka 1974 alitafuta mwigizaji mpya wa Doctor. Bill Slater, mkuu wa tamthilia za mfululizo, alimtaja Tom Baker, ambaye siku hizo alikuwa akifanya kibarua cha ujenzi. Letts alikwenda kumwona katika filamu ya The Golden Voyage of Sinbad, akaamua ni yeye. Alitayarisha hadithi moja tu ya Baker, kisha akamwachia kiti Philip Hinchcliffe. Baker alikaa miaka saba.

Baadaye Letts alitayarisha tamthilia za Jumapili zilizotokana na vitabu vya zamani, ikiwemo Jane Eyre ya 1983 iliyomshirikisha Timothy Dalton. Katikati ya hapo, kwa msimu mmoja ulioanza 1980, alirudi Doctor Who kama mtayarishaji mtendaji, cheo cha mkubwa anayemwangalia mtayarishaji kijana bila kumnyang'anya kazi. Kijana huyo alikuwa John Nathan-Turner.

Kwenye filamu za hali halisi za Uingereza mpaka huu umelegea, na mtu mmoja huitwa mtayarishaji-mwongozaji, mara nyingi akiwa na kamera mkononi mwake. Tamthilia bado hutenganisha.

Kuna jambo moja ambalo mtayarishaji wala mwongozaji hakuwa na mamlaka nalo, nalo ni kanda baada ya kurushwa. BBC ilifuta nyingi ili izitumie tena. Katika sehemu sita za The Enemy of the World, kwa miaka mingi ilibaki moja tu, ya tatu. Nyingine tano zilikutwa katika kituo cha televisheni huko Jos, Nigeria, zikiwa nakala za filamu zilizowahi kupelekwa Afrika, na habari ikatangazwa Oktoba 2013. Baada ya miaka mingi watu wakaona tena jinsi yule mwongozaji aliyetoka kwenye uigizaji alivyolitatua tatizo la sura mbili. Letts alikuwa amefariki Oktoba 2009.