Nani Aliyeitikia "Pakawa"?

Juzi mwanafunzi wangu mmoja aliniletea mswada wa riwaya yake. Ndani yake mna pazia la uchawi kati ya dunia yetu na dunia ya hadithi. Shujaa anasimama ufukweni usiku, peke yake, anatamka maneno ya siri, pazia linapasuka, anaingia. Bahari yake niliipenda, kaieleza vizuri. Pembeni nikaandika swali moja tu kwa kalamu nyekundu: nani ameitikia?

Mimi kazi yangu ni ngano, kuzirekodi na kuzifundisha. Na kwetu sisi mpaka wa hadithi haufunguliwi na mtu mmoja. Mtambaji anaita "Paukwa!" Asipojibiwa "Pakawa!" anabaki mlangoni.

Hili nililijua kwa aibu. Siku moja nilimwekea bibi mmoja kinasa sauti mbele yake, nikamwomba atambe. Akasema, "Paukwa!" Mimi nimeinama, nahangaika na nyaya. Akarudia. Kimya. Akavuta ungo wake akaendelea kupepeta mchele. "Sasa nimtambie nani, mwanangu? Hicho kidude?" Nikamwomba radhi, tukaanza upya, na safari hii niliitikia kwa sauti mpaka jirani akaja kuchungulia.

Wengi waliosoma Kenya wanaijua ile ya majibizano: "Sahani?" "Ya mchele." "Giza?" "La mwizi." Ina raha yake, watoto wanaipenda. Lakini inayonishughulisha mimi ni ile ya pwani, inayofuata baada ya Pakawa:

Kaondokea chanjagaa,
kajenga nyumba kakaa,
mwanangu mwana Siti,
vijino kama chikichi,
vya kujengea kikuta
na vilango vya kupita.

Tuliikariri utotoni kama maneno matupu ya kufurahisha ulimi. Isome tena polepole. Kabla hadithi haijaanza, kumekwisha kujengwa nyumba, na katika nyumba hiyo mna kikuta. Kikuta chenyewe kimejengwa kwa meno! Yaani kwa kinywa, mahali maneno yanapotokea. Kisha, ukuta ukiisha kusimama, vinatajwa vilango, na kazi yake inatajwa vilevile: vya kupita. Sisemi kwamba wazee walikaa kikao wakapanga ishara hii. Ila ningeulizwa mpaka wa hadithi unafananaje, nisingepata maelezo mafupi kuliko hayo.

Tazama na sarufi. Kiambishi -ka- kwa kawaida kinasubiri tukio la kwanza: alikwenda sokoni, akanunua ndizi. Hapa tunaanza na "kaondokea" moja kwa moja, kama kwamba upande wa pili mambo yalikuwa yanaendelea zamani, sisi ndio tumechelewa kufika. Mtambaji akiingia kwenye ngano yenyewe husema "Paliondokea mtu na mkewe." Pa-, mahali. Wapi? Hakuna anayeuliza. Mtoto anayeuliza "wapi hapo?" huambiwa anyamaze asikilize, na nadhani ni jibu sahihi kabisa.

Mlango mwingine ni "Hadithi! Hadithi!" na jibu lake "Hadithi njoo, uongo njoo, utamu kolea." Hapo hadhira inauita uongo kwa jina lake, tena inaukaribisha. Ukishaukaribisha huwezi kumshika mtambaji shati kwa kuwa sungura hasemi. Waarabu huanza "kan ya ma kan", palikuwa na hapakuwa. Waashanti wa Ghana, ambao ngano zao mtafiti Rattray alizichapisha mwaka 1930, hutangulia kukana kwamba wanayotaka kusema ni kweli. Kila mmoja na bawabu wake, lakini wote wanauliza jambo lile lile: unajua unakoingia?

Ukishaingia, ukuta hauzibi kila kitu. Wimbo hupenya. Zimwi likimfuata msichana, msichana akaimba kumwita nduguye, tuliokaa mkekani ndio tunaopokea kiitikio. Kwa dakika hiyo sisi ndio kijiji chake. Nimewaona watu wazima wanaoitikia wimbo huo huku wamekunja miguu, wasiguswe na giza la nje ya mkeka.

Kwa hiyo nilimwambia kijana: shujaa wako asiingie mpaka sauti imjibu kutoka upande wa pili. Na umtafutie njia ya kutoka, kwa sababu mswada wako umemwacha humo humo. Kutoka nako kuna maneno yake: "Hadithi yangu imeishia hapo, ikiwa nzuri ni yetu sote, ikiwa mbaya ni yangu peke yangu." Utamu unagawiwa, lawama zinabaki kwa mtambaji, kila mtu anarudi kwao mikono mitupu na salama.

Bibi yangu mwenyewe alikuwa mkali sana juu ya maneno hayo. Mtoto akisinzia katikati ya ngano, hakumwacha hivyo. Aliitamba mpaka mwisho, hata kama waliobaki macho ni yeye na taa, kisha akamwinamia yule aliyelala akamnong'oneza sikioni: imeishia hapo, mjukuu wangu, imeishia hapo. Ndipo alipombeba kitandani.