Mkaidi kwa nani?

Nilikuwa mwandishi wa kikao cha usuluhishi. Majirani wawili waligombea mpaka wa shamba, safu ya minyaa iliyopandwa na wazee wao. Mmoja alikuwa radhi kusogea hatua tatu. Mwenzake hata moja hataki. Nikaandika: "Kikao kilivunjika kwa ukaidi wa jirani wa pili." Nilipowasomea, yule wa pili akaiweka kalamu mezani. Mzee aliyesimamia kikao akanigeukia: "Mkaidi kwa nani, mwanangu? Kwani huyu mwenzake ni baba yake?"

Kazi yangu ni tafsiri, na swali hilo lilinifunza zaidi ya kamusi. Kukaidi kunataka mkubwa: mtoto hukaidi wazazi, kampuni hukaidi amri ya mahakama. Mkaidi hafaidi mpaka siku ya Idi, na anayemwambia hivyo ni mlezi wake. Hata "shingo ngumu" ya Biblia, katika kitabu cha Kutoka sura ya 32, inatoka kwa Mungu, akiwasema waliojitengenezea ndama. Ukimwita mtu mkaidi umeshaamua kwamba alipaswa kutii.

Wafasiri wengi hulisahau hilo wanapokutana na neno la Kiingereza intransigence. Asili yake ni Hispania ya miaka ya 1870, ambako wanajamhuri wenye msimamo mkali waliitwa los intransigentes, yaani wasiokubali maafikiano. Hao walikuwa upande mmoja wa siasa ukivutana na mwingine. Kwa hiyo, habari za mazungumzo ya amani zinazosema "ukaidi wa waasi" zimeshaegemea serikali kabla msomaji hajafika kwenye nukta.

Kwa watu walio sawa, mimi huchagua kushika kani. Kani ni nguvu. Walimu wa fizikia wamelichukua neno hilo hilo, wakapata na kanieneo, yaani kani inayogandamiza eneo. Anayeshika kani anavuta kamba upande wake, na wa pili anavuta wake. Kushupaa nako kunafaa, ila ukilifanya sifa linageuka: askari shupavu anapongezwa. Inda niiache kabisa, maana ina chuki ndani yake.

Nikafuta, nikaandika upya: "Jirani wa pili alishika kani, hakukubali mpaka wa shamba usogezwe." Nikawasomea tena. Akaniomba nirudie sentensi hiyo, akasikiliza hadi mwisho, kisha akaichukua kalamu akatia sahihi.