Philip Rivers alikuwa kocha hata alipokuwa mchezaji

Kila msimu wa futiboli ya Kimarekani ukianza, wazazi Waswahili wanaoishi huku Marekani huniuliza swali moja: huyu kwotabeki kazi yake hasa ni ipi, mbona anarusha mpira tu kisha lawama na sifa zote zinamwangukia yeye? Nafundisha vijana wanaocheza nafasi hiyo katika shule ya sekondari, na siku hizi nawajibu kwa kuwasimulia habari za mtu mmoja, Philip Rivers. Wengi wanamjua kama nyota wa NFL, ligi kuu ya mchezo huu, aliyestaafu akaenda kufundisha watoto wa shule. Wapo wanaosema ameshuka. Mimi naona walioufuatilia mchezo wake kwa makini walijua kwamba mtu huyu alikuwa kocha siku zote, ila kwa miaka 17 alikuwa akifundisha huku amevaa helmeti.

Alizaliwa tarehe 8 Desemba 1981 mjini Decatur, kaskazini mwa Alabama. Baba yake, Steve Rivers, alikuwa kocha wa shule za sekondari, kwa hiyo mtoto akakulia pembeni mwa uwanja. Alipoingia Athens High School, kocha wake alikuwa baba yake mwenyewe, na jezi namba 17 aliyoivaa hadi NFL ilikuwa ya kumuenzi mzee huyo. Alianza kurusha mpira akiwa mdogo mno, mkono haujatosha kuushika vizuri, akawa anausukuma kutoka begani badala ya kuuinua juu ya sikio kama tunavyofundisha. Mtindo ule haukumtoka maisha yake yote. Nawaonyesha vijana wangu video zake, kisha nawaambia wasitazame mkono, watazame muda: mpira unamtoka upesi kiasi kwamba mlinzi anayemkimbilia anakuta mkono mtupu.

Baada ya miaka minne katika chuo kikuu cha North Carolina State, alichaguliwa wa nne katika dirafti ya 2004, yaani zoezi la timu za NFL kugawana wachezaji wapya, na timu ya New York Giants. Hakuichezea hata dakika moja. Timu ya San Diego Chargers ilikuwa imemchukua kwotabeki mwingine, Eli Manning, wa kwanza ilhali familia ya Manning imeshasema kijana wao hataki kwenda huko, kwa hiyo timu zikabadilishana vijana hao siku ile ile. Rivers akakaa benchi misimu miwili nyuma ya kwotabeki Drew Brees, akapewa timu mwaka 2006, na Chargers wakashinda mechi 14 kati ya 16.

Sasa nije kwenye kazi yenyewe. Jaribio moja la kusogeza mpira likimalizika, saa ya sekunde 40 inaanza kuhesabu hadi jaribio lijalo. Kocha anamtajia kwotabeki mbinu kupitia redio iliyo ndani ya helmeti, na zikibaki sekunde 15 redio hiyo inazimwa. Kuanzia hapo yuko peke yake. Anasogea mstarini na kuwatazama walinzi wawili wa mwisho: wakisimama wawili nyuma, kila mmoja na nusu yake ya uwanja, huenda katikati kuna nafasi, akibaki mmoja katikati, basi pembeni ndiko kwa kutazama. Akiwa na shaka, anamhamisha mpokeaji mmoja, yaani mdakaji wa pasi zake, kutoka upande huu hadi ule. Mlinzi akimfuata, ujue kila mtu amepewa mtu wake wa kumkaba. Asipomfuata, wanalinda maeneo. Kisha anawaelekeza vijana wa mbele nani amzuie nani, na akiona mbinu aliyopewa haifai, anaibadilisha kwa sauti, mbele ya maadui, katika kelele za watu elfu sabini. Walinzi nao wanamdanganya kwa kubadili nafasi mpira unapotoka tu chini.

Hapa ndipo Rivers alipowazidi wengi. Miguu hakuwa nayo. Kukimbia alikuwa mzito. Mkono wake haukuwa wa kutisha. Lakini alisoma ulinzi kabla haujajipanga sawasawa, akawapanga wenzake mmoja mmoja, na wapinzani wake wamesimulia mara nyingi jinsi alivyokuwa akiwatajia mbinu yao wenyewe kwa sauti kabla haijafanyika. Chargers walipohamia Los Angeles mwaka 2017, yeye alibaki na familia yake San Diego, akatengenezewa gari lenye kiti na skrini nyuma, akaendeshwa kila siku huku akitazama video za mechi njia nzima. Hayo ni mazoea ya kocha.

Mechi ninayopenda kuwaonyesha wachezaji ni ile ya tarehe 20 Januari 2008 dhidi ya New England Patriots, waliokuwa hawajapoteza hata mechi moja msimu ule. Wiki moja kabla yake, Rivers aliumia goti mjini Indianapolis. Alifanyiwa upasuaji mdogo kulisafisha, akarudi uwanjani akiwa na kano ya mbele ya goti iliyokatika. Chargers walipoteza 21-12, na pointi zao zote 12 zilitokana na mateke manne kati ya milingoti. Simshauri kijana yeyote acheze hivyo; mtoto akiumia goti kwangu anakaa nje, hakuna mjadala. Nawaonyesha kwa sababu nyingine: goti likiwa halimruhusu kukwepa, ilibidi aamue mapema zaidi mpira uende wapi, na uamuzi wa mapema ndio somo lote la nafasi hii.

Alicheza hadi msimu wa 2020, wa mwisho akiwa na Indianapolis Colts. Alianza mechi 240 za ligi mfululizo bila kukosa hata moja, akarusha pasi za yadi 63,440 na tachidauni 421, yaani pasi zilizodakwa na kufikishwa eneo la mwisho la wapinzani, akachaguliwa mara nane kwenda Pro Bowl, mechi ya nyota wa ligi. Super Bowl, fainali ya ligi, hakuifika, na kwa watu wengi mjadala unaishia hapo.

Mei 2020, kabla hata ya kuichezea Colts mechi ya kwanza, ilikwisha tangazwa kwamba siku atakayostaafu atakuwa kocha wa St. Michael Catholic High School, mjini Fairhope, karibu na ghuba ya Mobile. Alistaafu Januari 2021 akaenda. Shule hiyo ni ndogo, na anayejua shule ndogo anajua kazi iliyomo. Mtoto yule yule anashambulia, anazuia, kisha anabaki uwanjani wakati wa mateke. Kwa kawaida redio ya helmeti hakuna. Kocha anatoa ishara kwa mikono kutoka pembeni. Mbinu ambayo NFL inatajwa kwa sentensi nzima, hapa unaikata hadi neno moja, kwa sababu kijana wa miaka kumi na tano ametoka kwenye mtihani wa hesabu na unaye jioni mbili tatu kabla ya Ijumaa, siku ya mechi.

Ijumaa usiku ni mali ya sekondari kiasi kwamba hata sheria ya Marekani ya mwaka 1961, ile iliyoiruhusu NFL kuuza haki za televisheni kwa pamoja, inailinda: ligi kubwa inazuiwa kurusha mechi zake Ijumaa jioni na Jumamosi katika msimu wa shule, kuanzia Septemba hadi katikati ya Desemba. Kwa miji midogo ya Alabama, mtu wa kufundisha timu ya Ijumaa si mtu aliyeshuka.

Kisha ikaja Desemba 2025. Colts wakampoteza kwotabeki wao, Daniel Jones, aliyekatika kano ya kisigino, wakampigia simu Rivers, aliyekuwa ndiyo kwanza ametimiza miaka 44, baba wa watoto kumi. Kocha wao, Shane Steichen, aliwahi kufanya naye kazi Chargers, na mfumo wake ndio ule ule ambao Rivers alikuwa akiwafundisha vijana wa Fairhope. Karibu miaka mitano hajacheza, lakini lugha ya mbinu ilikuwa mdomoni mwake kila siku. Tarehe 14 Desemba alianza dhidi ya timu ya Seattle, ugenini. Akarusha tachidauni moja, pasi yake moja ikanaswa na wapinzani, na Colts wakafungwa 18-16 kwa teke la sekunde za mwisho. Kwa kurudi huko, saa ya miaka mitano ambayo mchezaji aliyestaafu husubiri kabla ya kufikiriwa kuingia Hall of Fame, jumba la heshima la mchezo huu, ikaanza upya. Baada ya mechi aliongea huku machozi yakimlenga, akiwataja wanawe na wale vijana wake wa shuleni.

Basi mzazi, ukienda Ijumaa kumwona mwanao, usimtazame kwotabeki mpira ukiwa hewani. Mtazame sekunde kumi kabla. Tazama kichwa chake kinageukia wapi kwanza, anamnyooshea nani kidole, na kama mpokeaji amesimama vibaya, nani anamsogeza: kocha aliye pembeni, au yeye.