Tozo za barabara Marekani: piga hesabu kabla ya kuwasha gari

Likizo za shule zinapokaribia, maswali yanayofika kwenye dawati letu la ushauri wa usafiri kwa wahamiaji huwa yanafanana. Familia inataka kwenda harusini au msibani, majimbo matatu kutoka nyumbani. Mafuta yameshapigiwa hesabu, mahali pa kulala pameshapatikana, chakula cha njiani kimepangwa. Kinachosahaulika ni tozo za barabara, kwa sababu siku hizi sehemu nyingi hakuna kibanda cha kusimama wala mtu wa kumpa noti. Gari linapita chini ya fremu ya chuma yenye kamera, safari inaendelea, na bili inafika nyumbani wiki kadhaa baadaye.

Ninaandika hasa kwa ndugu zetu walio wageni kwenye barabara hizi: Wakongomani wa Lexington, Warundi wa Portland kule Maine, Wakenya wa Minneapolis, Watanzania wa Houston. Tozo za safari zinaweza kukadiriwa vizuri kabla ya kutoka nyumbani, na kazi yenyewe haizidi nusu saa.

Anza na namna ya kulipa

Watu wengi huuliza kwanza, "Ni maili ngapi?" Mimi huuliza kwanza, "Gari lina tagi?" Tagi ni kile kifaa kidogo au kibandiko cha kuweka kwenye kioo cha mbele, ambacho mashine za barabarani hukisoma gari likipita na kukata pesa kwenye akaunti uliyofungua mapema. Asiye na tagi hupigwa picha namba za gari, kisha bili hutumwa kwa posta kwa anwani iliyoandikishwa pamoja na gari. Tofauti ya bei kati ya njia hizi mbili ni kubwa kuliko watu wanavyodhani.

Tazama madaraja ya RiverLink yanayovuka mto Ohio kati ya Louisville na Indiana. Tozo zilipoanza tarehe 30 Desemba 2016, gari dogo lenye tagi lililipa dola 2. Lisilo na tagi lakini namba zake zimesajiliwa kwenye akaunti lililipa dola 3. Lisilosajiliwa popote lililipa dola 4. Daraja ni lile lile, gari ni lile lile, bei mara mbili. Viwango hupanda kila mwezi wa Julai, lakini ngazi hizo tatu bado zipo. Barabara za tozo za Illinois nazo humtoza asiye na tagi mara mbili ya mwenye tagi, na Pennsylvania Turnpike, barabara ya tozo ya jimbo la Pennsylvania, inakaribia hapo hapo.

Tagi inayofaa kwa majimbo mengi ya mashariki ni E-ZPass, ambayo inafanya kazi katika majimbo karibu 20, kuanzia Maine hadi Florida upande wa kusini na Minnesota upande wa magharibi. I-PASS ya Illinois iko ndani ya mtandao huo huo. Texas, Oklahoma na Kansas wana kundi lao: tagi ya Texas husomwa Oklahoma na Kansas pia, lakini E-ZPass haikusaidii kitu Dallas wala Houston. Kwa hiyo anayehama kutoka Houston kwenda Ohio asidhani tagi yake imehama naye.

Kuna jambo jingine ambalo hata wakaazi wa siku nyingi hawalijui: E-ZPass zote hazilipi sawa. Baadhi ya majimbo huwapa punguzo wenye tagi zilizotolewa na jimbo hilo tu. New Hampshire hufanya hivyo, Maryland hufanya hivyo, na kwenye madaraja makubwa ya jiji la New York kama Verrazzano-Narrows, tagi ya jimbo jingine hutozwa kiwango cha bili ya posta. Ukiwa unaishi Pennsylvania lakini kila mwezi unavuka Verrazzano-Narrows kwenda kwa mama mkwe Brooklyn, fungua akaunti ya New York. Sheria haikulazimishi kuchukua tagi ya jimbo unaloishi.

Kwa nini barabara hii ni bure na ile si bure

Sheria ya mwaka 1956, wakati wa Rais Eisenhower, ndiyo iliyoanzisha mtandao wa barabara kuu za Interstate, serikali ya shirikisho ikibeba asilimia 90 ya gharama za ujenzi. Barabara zilizojengwa kwa fedha hizo kwa kawaida hazina tozo. Lakini kabla ya hapo baadhi ya majimbo yalikuwa yameshajenga barabara zao kwa mikopo ya kulipwa kwa tozo: Pennsylvania mwaka 1940, Maine 1947, New Jersey 1951, Ohio 1955. Barabara hizo ziliingizwa kwenye mtandao, zikapewa namba za Interstate, zile zinazoanza na herufi I kama I-80, na tozo zikabaki. Ndiyo maana tozo zimejaa Kaskazini Mashariki na kuzunguka Maziwa Makuu, wakati mtu anaweza kuvuka Iowa yote kwa I-80 bila kulipa senti.

Kata safari vipande

Njia ninayofundisha ni ya karatasi na kalamu. Usitafute tozo ya safari nzima kwa mkupuo. Andika kila kipande cha barabara na mwenye nacho, kwa sababu kila mmoja ana bei yake na ukurasa wake wa kukokotoa. Tuchukue safari ya Chicago hadi New York.

Ukitoka Chicago kwa njia iliyonyooka, unaanza na Chicago Skyway, kipande kifupi kisichofika maili 8 ambacho jiji lilikikodisha kwa kampuni binafsi mwaka 2005 kwa miaka 99. Kinafuata Indiana Toll Road, nacho kilikodishwa mwaka 2006, kwa miaka 75. Halafu Ohio Turnpike, maili 241, ambayo iko chini ya jimbo. Hapo tayari una wamiliki watatu.

Karibu na Youngstown, Ohio, ndipo pa kufungua macho. I-80 inachepuka kutoka kwenye Turnpike, na dereva anayeendelea moja kwa moja bila kusoma vibao hujikuta kwenye I-76, kisha kwenye Pennsylvania Turnpike, barabara ambayo imepandisha bei kila mwaka tangu 2009. Ukichepuka na I-80, unavuka Pennsylvania yote, zaidi ya maili 300, bila tozo. Jimbo liliomba ruhusa ya kuitoza I-80, na mwaka 2010 serikali ya shirikisho ikakataa. Kwa maoni yangu huu ndio uamuzi mmoja unaookoa pesa nyingi kuliko wowote katika safari hiyo, kwa anayekwenda New York au kaskazini mwa New Jersey. Anayekwenda Philadelphia ana hesabu tofauti, maana kwake Turnpike ni njia fupi.

New Jersey kwa I-80 ni bure mpaka ufike George Washington Bridge. Tozo ya daraja hilo inalipwa na anayeingia New York tu. Mwaka 2025 gari dogo lenye E-ZPass lililipa dola 16.06 saa za msongamano na dola 14.06 saa nyingine. Saa za msongamano, kwa kuhesabu Kiswahili, ni kuanzia saa 12 hadi saa 4 asubuhi na saa 10 jioni hadi saa 2 usiku siku za kazi. Mwisho wa wiki ni saa 5 asubuhi hadi saa 3 usiku. Na kama nyumba unayokwenda iko Manhattan, barabara ya 60 au kusini mwake, ongeza tozo ya msongamano iliyoanza tarehe 5 Januari 2025: dola 9 kwa gari dogo lenye E-ZPass wakati wa mchana, dola 2.25 usiku. Anayekwenda Bronx haimhusu.

Sasa geuza karatasi uandike safari ya kurudi, kwa sababu haifanani na ya kwenda. George Washington Bridge halitozi anayetoka New York. Lakini daraja la Delaware Water Gap kwenye I-80, ambalo halikukutoza ulipokuja, linamtoza anayeingia Pennsylvania. Wanaozidisha tozo ya kwenda mara mbili hukosea kila wakati, wengine kwa kujitisha bure, wengine kwa kupungukiwa.

Ramani ya simu inasaidia. Tangu 2022 Google Maps huonyesha makadirio ya tozo, na kwenye mipangilio unaweza kuiambia kama una tagi au huna. Usipoiambia, inaweza kukupa bei isiyo yako. Mimi huitumia kujua vipande vilivyopo, kisha nahakikisha bei kwenye ukurasa wa mwenye barabara. Hakikisha pia umechagua aina sahihi ya gari.

Kukwepa tozo kuna bei yake

Mtu wa Louisville anayekwenda Chicago kwa I-65 anaweza kufika bila kulipa tozo hata moja. Avuke mto kwa I-64 kwenye daraja la Sherman Minton, ambalo ni bure, azunguke kwa I-265 mpaka airudie I-65. Na akifika Gary, Indiana, aiache Skyway, ashike I-80/94 kisha I-94 kuingia mjini. Nyongeza ni maili chache.

Si kila mzunguko ni mfupi hivyo. Gawanya maili za ziada kwa maili ambazo gari lako linakwenda kwa galoni moja, kisha zidisha kwa bei ya galoni. Mzunguko wa maili 60 kwa gari la maili 25 kwa galoni ni galoni 2.4, galoni ikiwa dola 3.50, umetumia dola 8.40 za mafuta. Kama tozo uliyoikwepa ilikuwa dola 6, umepata hasara, pamoja na saa nzima ya watoto kulia nyuma.

Zipo pia njia za haraka zenye bei inayobadilika kila dakika chache kufuatana na wingi wa magari. I-66 ya Virginia, karibu na Washington, ilipoanza utaratibu huo Desemba 2017, bei ilivuka dola 30 wiki ile ile ya kwanza. Bei huandikwa kwenye kibao kabla ya kuingia. Isome, ikikushtua, usiingie. Gari lenye watu watatu au zaidi hupita pale bure, lakini ni lazima liwe na E-ZPass Flex, tagi yenye swichi, iliyowekwa upande wa HOV, yaani gari lenye watu wengi.

Lori la kuhama na gari la kukodi

Familia nyingi zetu huhama jimbo baada ya mwaka mmoja au miwili kufuata kazi au ndugu. Ukikodi lori, au ukivuta tela, umebadilisha kundi la gari kwa hesabu ya tozo. Tozo nyingi huhesabiwa kwa ekseli, na sehemu nyingine kwa kimo cha gari pia. Gari dogo lenye ekseli 2 likivuta tela la ekseli 1 linakuwa la ekseli 3. Kadiria upya kila kipande.

Kwa gari la kukodi, uliza mezani kabla ya kusaini: tozo zinalipwa vipi? Kampuni nyingi huongeza ada ya kila siku juu ya tozo yenyewe, na nyingine huitoza hata siku ambazo hukupita kwenye barabara ya tozo, mradi tu ulipita siku moja. Dawa ni kubeba tagi yako mwenyewe, kuongeza namba za gari la kukodi kwenye akaunti yako kwa siku za safari, na kuziondoa siku unayorudisha gari. Hilo la kuziondoa usilisahau, la sivyo utamlipia anayelikodi baada yako.

Bahasha isiyofika

Hapa ndipo ninapoona watu wakiumia zaidi. Bili ya picha huenda kwenye anwani iliyo kwenye usajili wa gari. Aliyehama nyumba bila kubadilisha anwani hapati bili ya kwanza, wala ya pili yenye faini. Dola 4 huwa makumi ya dola, deni hupelekwa kwa wakusanya madeni, na siku ya kufufua usajili wa gari anaambiwa umezuiwa. Baadhi ya majimbo yana makubaliano ya kufuatiliana, hivyo deni la jimbo jirani linaweza kukufikia nyumbani. Badilisha anwani ya gari wiki ile ile unayohama.

Kama ulishapita bila tagi, huna haja ya kusubiri posta. Illinois, kwa mfano, hukupa siku 14 kulipa mtandaoni kwa namba za gari lako. Na mwenye tagi ahakikishe kadi ya benki iliyounganishwa ina pesa, kwani akaunti ikikauka, kupita kwako huhesabiwa kama kwa asiye na tagi.

Ujumbe wa simu unaosema unadaiwa dola chache za tozo na kukupa kiungo cha kubofya, usiufungue. Aprili 2024 FBI ilionya kwamba tangu Machi ilikuwa imepokea malalamiko zaidi ya 2,000 ya utapeli wa namna hiyo. Fungua ukurasa wa mwenye barabara kwa kuandika anwani yake mwenyewe, uangalie deni huko.

Ukikuta faini imeshaongezwa, piga simu kabla ya kulipa chochote. Eleza kwamba ulihama, fungua akaunti ya tagi siku hiyo hiyo, na omba faini iondolewe ubaki na tozo yenyewe. Mara nyingi hukubaliwa kwa kosa la kwanza. Kiingereza kikikushinda, uliza kama wana mkalimani wa Kiswahili kwa simu, na uandike jina la aliyekuhudumia na tarehe.