"Second rôle": nafasi ya pili katika filamu za Ufaransa

Wafaransa wakisema "second rôle" wanamaanisha mhusika ambaye hadithi si yake, ila bila yeye haisogei. Si sawa na "figurant", yule anayekatiza barabarani au kuketi mkahawani nyuma ya waigizaji bila kutamka neno. Mwenye nafasi ya pili ana jina, ana maneno, na kuna jambo analolitaka.

Mtazame Suzanne Flon (1918–2005). Katika *Un singe en hiver* ya mwaka 1962 anaigiza mke wa mwenye hoteli (Jean Gabin), mume aliyeapa wakati wa mabomu ya 1944 kuwa wakinusurika hataonja tena pombe. Anafika mgeni mnywaji (Jean-Paul Belmondo), na macho yetu yote yanawafuata wanaume hao wawili. Lakini uzito wa kile kiapo tunausoma usoni mwa mke. Flon akizidisha huzuni, anawapokonya filamu; akiipunguza mno, kiapo kinabaki maneno matupu. Kipimo hicho ndicho ufundi wenyewe, na ni kigumu kuliko watu wanavyodhani. Baadaye aliigiza shangazi kiziwi katika *L'Été meurtrier*, akatwaa César, tuzo ya filamu ya Ufaransa, ya mwigizaji bora wa kike wa nafasi ya pili mwaka 1984, akiwa na miaka 66. Tuzo hiyo ilianza 1976, na wa kwanza kuipata alikuwa Marie-France Pisier.

Upande wa riziki, kazi hii huhesabiwa kwa siku. Mhusika mkuu anaweza kushinda eneo la kurekodia wiki nyingi. Wa nafasi ya pili huitwa siku chache, na matukio hayarekodiwi kwa mpangilio wa hadithi. Anaweza kulia mazishini Jumatatu, kisha Jumatano akaigiza siku aliyofahamiana na marehemu. Asipojiwekea kumbukumbu ya hali ya mhusika wake katika kila tukio, filamu ikiunganishwa pengo huonekana.

Ili apate mafao ya siku zisizo na kazi, msanii wa Ufaransa anatakiwa kufikisha saa 507 ndani ya miezi 12. Malipo ya mkupuo wanayoyaita "cachet" huhesabiwa saa 12 kila moja, kwa hiyo anayelipwa hivyo tu anahitaji 43. Filamu peke yake ni nadra kutosha. Hujazia kwa jukwaa, kwa kuingiza sauti katika filamu za kigeni, na kwa televisheni: tamthilia kama *Plus belle la vie*, iliyorushwa na France 3 kuanzia 2004 hadi 2022, huwa na wahusika wengi wa pembeni wanaorudi mara kwa mara.

Hesabu huharibika hasa pale siku ya mazoezi isipolipwa, au mwajiri asipoitangaza. Kwa hiyo kila hati ya malipo hukaguliwa siku inapofika, si mwisho wa mwaka, wakati kampuni iliyoundwa kwa ajili ya filamu moja huenda imeshafungwa.